Mikono ya Wavuvi wa Mugango

Ofisi yetu ya filamu ilitaka sinema ya wavuvi wa Mara, walioendelea kuvua ingawa nyavu zilikuwa zimeadimika madukani. Nikatumwa mimi, mpiga picha mkongwe.

Bunda, mgambo walinishusha kwenye basi. Wakati ule wa msako wa walanguzi, sanduku la bati pekee lilitosha kukutia mashakani. Mmoja akashika mkebe wa filamu.

"Usifungue, ndugu. Ikipata mwanga inaharibika."

"Kitu gani kinaogopa mwanga kama si magendo?"

Akafungua, akitafuta sabuni. Filamu nzima ya mkebe ule ikaungua mbele ya macho yangu; nikabakiwa na mkebe mmoja tu.

Butiama nilifika jioni, nikapokewa na katekista Wambura. "Huko ziwani, na mashine hiyo, peke yako hawatakusikiliza," alisema. Asubuhi akanisindikiza Mugango kwa dada yake, Nyangeta.

Tulimkuta ufukoni akianika dagaa. Wenzake waliponiona wakafunika nyavu kwa majani. Mumewe alikuwa amekamatwa kwa nyavu za nailoni kutoka ng'ambo ya mpaka, na bado hajarudi.

"Kaka, huyu umemtoa wapi?" alimuuliza Wambura. Kisha akanigeukia. "Kabla hawajamchukua baba Magesa, kuna mtu alikujaga hapa na kamera. Alisema ni ya gazeti."

"Mama, naapa, mimi natengeneza sinema tu."

"Hata yeye aliapaga." Akageuza dagaa. "Haya, piga mikono. Sura acha."

Nilikasirika moyoni, sinema gani haina sura? Lakini nilipiga mikono: ikishona nyavu, ikipasua sato, ikipepeta dagaa.

Nikarudi Dar es Salaam. Siku ya kuitazama filamu alikuwepo mgeni nisiyemfahamu, na hakuna aliyemtambulisha.

"Simamisha hapo," akasema. "Nyavu hizi mpya wamezitoa wapi? Ni akina nani hawa?"

Mkuu wangu akanitazama.

"Nilipita vijiji vingi, mzee. Sikumbuki."

Siku hiyo nilielewa kwamba anayeiogopa kamera huenda anamjua aliyenituma kuliko ninavyomjua mimi.

Miaka ikapita, biashara ikafunguliwa, nyavu za nailoni zikaning'inia wazi madukani Musoma. Nilikwenda Mugango kusalimia. Baba Magesa alikuwa amerudi, amekonda, haongei sana. Nyangeta alisonga ugali, akaniandalia sato mzima. Ila kabla sijaingia ndani, aliniomba kamera niiache kwa jirani.

Nikaiacha, tukala.