Jioni Josefina Alipotumbukia Ziwani

Afadhali nikiri mwenyewe kabla hamjasikia kwa wengine, maana najua habari imeshafika mtaa wa Hagsätra na huko imetiwa chumvi mpaka hailiki: ndiyo, ni mimi, Nduku, yule mwanamke aliyefanya watu wakimbie juu ya barafu na kamba za kuokolea kwa sababu ya wigi. Chekeni kwanza mmalize, ndipo niwaeleze ilivyokuwa, kwa sababu mwisho wake si mnavyodhani.

Mama mkwe wangu alikuwa amekuja kututembelea kutoka Machakos, mara yake ya kwanza kupanda ndege na mara yake ya kwanza kukaa nami chini ya paa moja tangu nilipoolewa na mwanawe, Kioko. Sasa lazima mjue kwamba Mama hakuwa na haja na mimi. Hakuwahi kusema hivyo waziwazi (ni mtu wa kanisa), ila siku ya harusi nilimsikia kwa masikio yangu mwenyewe akimwuliza dada yake, "Msichana anayejipamba hivi, atapika saa ngapi?" Neno hilo nilivuka nalo bahari, nikalileta hadi Norsborg huku Uswidi, na miaka yote limekaa nami kama mwiba wa samaki kooni. Kwa hiyo alipokuja niliamua atanijua. Nilipika, nilipiga pasi hata taulo, na kila asubuhi niliamka kabla yake.

Hiyo ya kuamka, nisiwadanganye, haikuwa bidii. Nilikuwa nawahi kuvaa wigi. Nywele zangu za mbele zilishakwisha. Miaka ya kusukwa kwa kubanwa, halafu uzazi, halafu zamu za usiku kwenye nyumba ya wazee ninakofanya kazi, mpaka paji la uso likaanza kuhamia utosini. Kioko anajua, binti yetu Mumbe anajua, lakini Mama? Heri nife. Na wigi lenyewe lilikuwa jipya, refu, la kahawia iliyokolea, lililonifanya nionekane kama mtangazaji wa habari, nami nilikuwa nimelipa jina, Josefina. (Msiniulize kwa nini. Kazini sote tunayapa mawigi majina. Mwenzangu Bijou, Mkongo, lake analiita Madame Claire na huliaga "bonsoir" kwa Kifaransa akilivua.)

Basi Mama naye hakufurahia kitu. Alikaa dirishani akitazama theluji, akasema nyumba zetu ni friji zilizotiwa mapazia. Nikampeleka Skärholmen madukani, akarudi na magoti yanamuuma. Nikaanza kuona atarudi nyumbani bila kucheka hata siku moja, na kule watamwuliza mke wa Kioko yukoje, naye atafyonza tu. Ndipo nikaona tangazo la matembezi ya kuongozwa: unapelekwa kwenye ziwa moja kaskazini mwa mji, unavua samaki kupitia tundu la barafu, na anga likikubali unaona ile mianga ya kaskazini, norrsken, ambayo huku Stockholm watu wanaweza kuingoja msimu mzima wasiipate. Nikajiambia, hii ndiyo dawa. Huyu mama nitamtembeza juu ya maji kama mtume Petro.

Kioko alikuwa na zamu ya jioni kwenye basi, kwa hiyo tukaenda watatu: mimi, Mama, na Mumbe, ambaye ana miaka kumi na minne na ukimsemesha Kiswahili anakujibu Kiswidi huku akitazama simu. Kiongozi wetu alikuwa bwana mmoja mnene mwenye ndevu nyekundu, Lasse, na pamoja nasi walikuwepo mume na mke wa makamo, Waswidi, wapole, walioleta maandazi yao ya mdalasini. Lasse akatuvalisha ovaroli nzito, akatupa kila mmoja kofia ya sufu na taa ya kichwani yenye mkanda wa mpira, kisha akatupa maagizo, nami nikawa namtafsiria Mama: mtu akitumbukia, usikimbilie alipo, piga kelele kwa nguvu, taja jina lake, wengine walale kifudifudi.

Hapo ndipo nilipofanya uamuzi wangu mdogo. Kofia niliikataa. Nilimwambia Lasse sisikii baridi, asante, mimi nimeshazoea, wakati ukweli ni kwamba ile sufu ingemlalisha Josefina vibaya, na nilikuwa nataka picha. Nikafunga taa juu ya wigi. Tena kwa haraka ya kutoka nyumbani sikuwa nimepaka gundi. Nilibana kwa vibanio viwili tu, na kimoja nilikisikia kikilegea tulipokuwa bado garini, nikasema moyoni, kitashika.

"Ta på mössan, mamma," Mumbe akaniambia, nivae kofia. Nikamwambia anyamaze.

Lasse akatoboa barafu kwa keekee kubwa, matundu manne yaliyoungana yakawa shimo moja pana kama mdomo wa sufuria ya harusini, akasema hapa kuna samaki mkubwa, gädda, mwenye mdomo mrefu kama wa mamba na meno ya kuingia ndani. Mama akaketishwa upande mmoja juu ya ngozi ya mnyama, akapewa fimbo fupi ya kuvulia, nami upande wa pili nikashika yangu. Tukakaa. Jamani, baridi! Masikio yangu yalianza kuuma, kisha yakawaka, kisha yakaniaga kabisa, na bado nikatabasamu nikimwambia Mama, "Si ni pazuri, Mama?" naye akasema, "Ni pazuri, ila samaki wa huku wana adabu, hawamsumbui mgeni."

Ghafla yule mama wa maandazi akapiga ukelele akionyesha juu. Kwanza niliona kitu kama moshi mweupe, kumbe sio moshi, kikajinyoosha kikawa kijani, kijani cha sukuma wiki iliyochemshwa kidogo tu, kikaanza kucheza mbingu nzima na pindo lake likiwa la waridi. Lasse mwenyewe akavua miwani. Mama akamwita Mungu, "Ngai!", kwa sauti ambayo sijawahi kumsikia nayo hata kanisani. Na mimi, kwa furaha, nikarudisha kichwa nyuma, nikakirudisha zaidi nione inakoishia, kisha nikainama mbio kuchukua simu nipige picha. Kibanio kikasema tik. Mkanda wa taa ukafyatuka. Josefina akanipita usoni, na taa yake ikiwaka, akaingia shimoni chubwi.

Sasa nieleweni. Maagizo yalikuwa bado kichwani: piga kelele, taja jina. Nami nilitii.

"Josefina!" nikapayuka. "Josefina har ramlat i!" Yaani, Josefina ametumbukia.

Lasse hakuuliza Josefina ni nani. Alijirusha kifudifudi mtu mzima na kitambi chake, akipuliza filimbi, mkono mmoja unatoa kamba, mwingine unatafuta simu. Wale wawili nao wakalala, maandazi yakamwagika. Na kibaya zaidi, pale ambapo upepo ulikuwa umefagia theluji barafu ilikuwa nyangavu kama kioo, na chini yake sote tukaona mwanga unakwenda. Unatembea, wallahi, unaelekea kushoto, unarudi. "Hon lever!" Lasse akapiga kelele, yu hai! Wavuvi wengine waliokuwa mbali kule wakasikia filimbi, nao hao wanakuja, mmoja na ngazi, mwingine anavuta kijitoroli cha kuteleza, taa zinarukaruka gizani, na mimi nimesimama katikati nimeshika utosi kwa mikono miwili, nataka kusema ukweli lakini Kiswidi chote nilichosomea kimeniponyoka, limebaki neno moja tu, hapana, "nej, nej, nej," ambalo kila mtu alilichukulia kuwa ni kilio cha mama aliyefiwa.

Aliyetuokoa, au aliyenimaliza, ni Mumbe. Alishusha simu, akaweka mikono mdomoni, akatangaza kwa ziwa zima: "Det är mammas peruk!"

Ni wigi la mama. Mwenye ngazi akasimama. Lasse akainua kichwa, ndevu zimejaa theluji, akaniangalia, na taa yake ikanimulika moja kwa moja, mimi na paji langu na kile kipara changu chote, mbele ya watu nisiowajua, mbele ya mama mkwe wangu, chini ya mbingu ambayo siku hiyo ilikuwa imewasha kila taa iliyo nayo. Niliomba barafu ipasuke.

Ndipo nikasikia sauti ya Mama, tulivu kabisa. "Nduku. Kitu kinanivuta."

Tukageuka. Mama alikuwa hajalala wala hajakimbia. Muda wote ule wa vurugu alikuwa amekaa palepale na fimbo yake, na sasa ilikuwa imepinda hadi majini. Lasse akasahau wigi, akasahau aibu yangu. "Håll i, mamma! Håll i!" Mama hajui Kiswidi hata cha salamu, lakini alielewa anaambiwa ashikilie, akaitupa ile fimbo, akashika mshipi wenyewe kwa glavu zake akaanza kuuvuta mkono kwa mkono, mkono kwa mkono, kama mtu aliyeteka maji ya kisima Ukambani tangu utoto, akiguna, na kiatu kimoja amekikita barafuni. Nikasahau kichwa. Nikamrukia nikamshika kiuno nisije nikampoteza yeye kweli, na wale watu wote wenye ngazi na kamba wakatuzunguka wakipiga kelele "Kom igen!", haya vuta, kama wako uwanjani.

Kwanza ikatoka taa, inawaka bado. Kisha akatoka Josefina. Na nyuma ya Josefina, meno yamenasa katika nywele zangu za kahawia lisiweze kufungua wala kufumba, likatoka samaki refu kama mguu wa Mumbe, la kijani lenye madoa, lina hasira. Lilikuwa limemkamata akishuka, likazunguka naye chini ya barafu, na katika kuzunguka likajifunga kwenye mshipi wa Mama. Lasse alisema tangu azaliwe hajaona. Watu walishangilia! Mwenye ngazi alimkumbatia Mama. Na Mama akakaa chini, akatazama lile samaki lenye wigi, akanitazama mimi, na ndipo alipocheka. Alicheka mpaka akashika mbavu, mpaka akalia, nami nikacheka, tukaegemeana pale.

Alipopata pumzi akanivuta karibu. "Hiyo nywele niliijua tangu uwanja wa ndege," akasema. "Ilikuwa imekaa upande."

"Mama! Na hukusema?"

"Niseme nini? Nilidhani unaamka alfajiri kunikimbia." Akakohoa. "Nikasema, huyu hanitaki, lakini nyumba ni yake."

Wiki zote zile! Yeye upande wake wa ukuta, mimi upande wangu, kila mmoja anadhani mwenzake hamtaki. Akafungua moja ya leso mbili alizokuwa amejifunga chini ya kofia, akanifunga kichwani kwa mikono yake mwenyewe, akabana masikio yangu ndani kwa nguvu kama anayemfunga mtoto, akasema, "Haya. Sasa tupigwe picha." Mumbe akatupiga: Mama ameshika samaki, mimi nimeshika Josefina akidondosha maji, na juu yetu ile kijani yote.

Kesho yake nilikuta Mama jikoni anakaanga vitunguu. Niliingia hivihivi, kichwa wazi, mara ya kwanza. Hakugeuka hata. "Chumvi mnaweka wapi nyumba hii?" akauliza. Nikampa. Tulikula lile samaki na ugali, miiba yake ni balaa, na Mama akampigia simu dada yake akamweleza kwa Kikamba kwa muda mrefu, na kila alipofika mahali fulani alisema, "Mimi na Nduku tukavuta!" Si yeye. Mimi na Nduku. Kioko akanikanyaga mguu chini ya meza.

Funzo langu ni kwamba ukificha kitu ndani ya nyumba, anayeishi nawe huona kuwa unaficha, ila haoni ni nini, na atakachojaza hapo ni kibaya kuliko ukweli. Na siku hiyohiyo niliapa, mbele ya mashahidi, kwamba mimi na barafu basi, sitakanyaga tena ziwa lolote la nchi hii hata nikibembelezwa. Mama akakata tonge, akatafuna taratibu.

"Yule samaki alikuwa na mwenzake," akasema. "Nilimwona. Jumamosi twende."

Jumamosi tulikwenda.