Spika Iliyomkataa Shemeji

Nianze kwa kutenganisha. Nilisikia kwamba kipaza sauti kile kiliwapigia kelele waongo kwa sababu waya wake ulilala juu ya ardhi yenye gesi. Nilisikia kwamba huko kijijini Pundanhar kilimng'ata mtu mdomo. Nilisikia pia kwamba mwenye nacho alikuwa ametia hirizi ndani ya mashine. Hayo sikuyaona, na atakayeyasimulia ayabebe mwenyewe. Niliyoyaona ni haya yafuatayo, nikiwa nimekaa mstari wa mbele, miwani yangu ikiwa imefutwa vizuri.

Ilikuwa miaka ile gesi ilipogunduliwa baharini mbele ya Palma, na kila wiki gari jipya jeupe likawa linapotea njia katika vijiji vyetu vya upande wa Quionga. Wageni wa kampuni moja walitaka barabara ipite katikati ya minazi yetu. Huku kwetu, aliyepanda au kurithi hana karatasi. Karatasi yake ni majirani. Unasimama mbele ya watu, unasema shamba lako linaanzia wapi na kuishia wapi, na watu wanaitika, "Ni kweli." Wakinyamaza, huna kitu. Shefe wa posto, yaani mkuu wa serikali katika eneo letu, akaitisha mkutano katika uwanja wa shule: kila mwenye minazi aseme, majirani waitike, kisha wageni waipige rangi miti yake, ijulikane kuwa ina mwenyewe wa kulipwa.

Shemeji yangu, mume wa mdogo wangu, alikuwa na minazi kando ya kijito, na barabara hiyo ilikuwa inakuja moja kwa moja juu yake. Alikuwa mzito wa masikio, na wakati huohuo mpenzi mkubwa wa sauti yake mwenyewe. Sifa hizi mbili zikikutana katika mtu mmoja, ukoo wote hupata taabu.

Spika zilikuwa za mfanyabiashara mmoja mwenye asili ya Mtwara, aliyezoea kuzikodisha harusini. Wengine walisema yao wakiwa wamesimama penye meza ya shefe, wakaitikiwa, wakakaa. Shemeji alipopewa kipaza sauti hakubaki pale. Alikwenda nacho, waya ukimfuata kama mkia, hadi mbele ya spika kubwa, akaiinamishia sikio lake lenye nafuu ili ajisikie, akasema, "Minazi ya kando ya kijito..."

Spika ikatoa ukelele wa paka aliyekanyagwa. Mbuzi wawili waliokuwa wamefungwa nyuma ya darasa walikata kamba. Shemeji, ambaye kwake ule ulikuwa mlio wa mbali tu, akaanza upya, na ukelele ukaanza upya pamoja naye. Mara ya tatu mtani wake mmoja, muuza samaki, akasema kutoka nyuma:

"Bwana wee, hata spika imekataa."

Watu wakacheka, na kicheko peke yake si kosa. Kosa lilikuja shefe alipouliza kama minazi ile ni ya mtu huyu. Walewale waliomwona akiichimbia mashimo wakatazama vidole vya miguu yao. Hakuna aliyeitika. Shefe akaliahirisha shauri lake hadi Jumamosi iliyofuata, ambayo ilikuwa siku ya mwisho ya wageni wale kuwa kwetu.

Nilifundisha fizikia muda mrefu, na jambo lenyewe halina siri. Sauti huingia katika kipaza sauti, amplifaya huikuza, spika huitoa. Ukisimama mbele ya spika, sauti iliyotoka huingia tena, hukuzwa tena, hutoka tena, mpaka kitu kidogo kama pumzi kinakuwa ukelele. Uvumi hufanya kazi kwa kanuni hiyohiyo. Yule muuza samaki alisema mzaha asubuhi. Adhuhuri mzaha ulimrudia kutoka kwa muuza mihogo, ukiwa umenenepa. Jioni nilimkuta njiani akiniapia kwamba mashine ile inawatambua waongo, na nilipomwuliza amejuaje, akanijibu kwamba ameyasikia kwa watu wengi.

Mama mmoja, jirani yangu, alikwenda kuiomba mashine ipelekwe nyumbani kwake, mumewe aulizwe alikuwa akilala wapi siku zile alipokwama Mocímboa da Praia. Mume akaugua ghafla. Hili nimelishuhudia: alipita mbele ya kibaraza changu akiwa mgonjwa, akikimbia.

Mdogo wangu alikuja kwangu akiwa amefunga kanga kiunoni, na tangu utotoni, akifunga hivyo, hajaja kusalimia. Alisema minazi ile aliimwagilia yeye kwa ndoo ya kichwani, na kwamba hakubali inyang'anywe na sanduku linalolia. Nikamweleza habari ya sauti kutoka na kurudi, nikimchorea duara mchangani kwa bakora. Alilitazama duara, akalifuta kwa mguu.

"Kaka, ya darasani yaache darasani. Spika itanyamaza au haitanyamaza?"

Nikaenda kwa mwenye mashine. Hakuwa ameukana uvumi. Tangu siku ile watu walimwamkia kwa adabu ambayo hakuwahi kuipata. Nilimwomba aifungue amplifaya, akaifungua. Hirizi haikuwamo. Lakini mahali pa fyuzi, kile kijibomba cha kioo chenye uzi mwembamba ndani ambacho kazi yake ni kukatika umeme unapozidi ili mashine ipone, palikuwa pamesokotwa karatasi ing'aayo ya ndani ya pakiti ya sigara. Nilimwuliza maana yake.

"Mwalimu, fyuzi zilikuwa zinakatika kila harusi," alisema. "Tangu niweke hiyo, haijazimika hata siku moja."

"Na ikipata moto?"

"Mungu hapendi hayo."

Nikamwambia kwamba Mungu ndiye aliyewapa watu akili ya kutengeneza fyuzi. Nilitoa moja katika redio yangu iliyokufa, nikalinganisha kipimo chake na kilichoandikwa nyuma ya mashine, vikawa sawa, nikaipachika mwenyewe. Karatasi ya sigara aliikunja na kuitia mfukoni, kama mtu anayetunza dawa.

Jumamosi nilimwomba shefe ruhusa ya kufanya jaribio mbele ya watu, kabla shemeji hajasema. Akakubali, nadhani kwa kuwa alikuwa amechoka. Nikashika kipaza sauti, nikasimama mbali kabisa, mwisho wa waya, nikatamka wazi:

"Mimi ni mjamzito. Nategemea kujifungua mapacha."

Spika ikayasema maneno yangu kwa utulivu, kila neno, kijiji kizima kikasikia. Haikulia. Nikangoja watu watafakari. Badala ya kutafakari, mama mmoja alinipa hongera na kuniuliza nani mkunga wangu.

Nikavumilia. Nikaenda hadi mbele ya spika, nikasema ukweli usio na shaka duniani: "Mbili na mbili ni nne."

Ukelele ukapaa hadi juu ya mapaa ya makuti. Nikageuka kuwatazama watu nikiwa na hakika kwamba sasa wameelewa: mashine imenyamazia uongo na imelilia ukweli, basi haijui lolote kati ya hayo mawili. Mwanafunzi wangu wa zamani, mtu mzima mwenye ndevu, akasimama taratibu.

"Nilijua," alisema. "Tangu darasa la pili nilijua ile si nne."

Wakati huo mwenye mashine, akitaka kuipunguza sauti, alizungusha kitufe upande usio wake. Ukelele ukavimba mpaka wageni wakaziba masikio na meza ya shefe ikatetemeka. Halafu ndani ya amplifaya kukasikika mlio mdogo, tiki, na kila kitu kikanyamaza. Fyuzi ilikuwa imekatika. Hapakuwa na moshi wala harufu ya kuungua. Kwangu yalikuwa mafanikio makubwa, ila hakuna aliyenipa mkono.

Shemeji, aliyekuwa akingoja zamu yake, aliona mdomo wangu umefungwa, akakichukua kipaza sauti mkononi mwangu. Hakuwa na habari kwamba kimekufa. Alikwenda palepale pa siku ile, mbele ya spika, akainamisha sikio, na kwa kuwa hakujisikia akaongeza sauti, kisha akaongeza tena. Alisema kwa nguvu za mtu anayeita mtumbwi uliokwisha vuka kwamba minazi ya kando ya kijito, kutoka kwenye mbuyu uliopasuka hadi penye kivuko, ameipanda yeye na mkewe.

Spika ilikaa kimya. Uwanja wote ulikuwa unaitazama.

"Leo imemkubali," akasema yule muuza samaki, kwa sauti ya chini yenye heshima.

Na watu wakaitika, wote kwa pamoja, "Ni kweli." Bibi mmoja akaongeza kwamba alikuwapo, na mbegu nyingine zilitoka kwake. Maneno yao yalikuwa kweli tupu na sababu yao ilikuwa upuuzi mtupu. Nikanyanyuka ili niwaeleze kwamba mashine haikumkubali mtu, imekatika fyuzi. Mdogo wangu, aliyekuwa nyuma yangu, akalishika pindo la kanzu yangu kwa mikono miwili.

"Kaka," alisema, "mjamzito hasimami sana. Kaa."

Nikakaa. Ushahidi wa majirani ulikuwa umeshatolewa, na haukuwa na kosa la kusahihishwa.

Tulikwenda kijitoni pamoja na shefe na wageni. Shemeji alitangulia, akionyesha miti kwa kipaza sauti ambacho alikuwa amekichomoa na kuja nacho, waya ukiburuzika kwenye majani, na mwenye mashine akimfuata nyuma akikidai. Kuhusu kama barabara ile ilileta malipo yoyote kwa mwenye minazi, nimesikia mengi, nami sikuwapo. Nilichokiona ni mgeni mwenye kopo akiupiga mnazi wa mwisho, ule wa penye kivuko, alama nyekundu. Niliigusa kuhakikisha, na rangi ilikuwa mbichi.