Jina la Faraja Lina Mwenyewe

Dada yangu akikata kioo hazungumzi. Anachovya kikatio kwenye kopo la mafuta ya taa, anaegemeza rula, anavuta mstari mmoja kutoka juu hadi chini, na hapo unasikia ule mkwaruzo mwembamba unaowafanya wateja wakaze meno. Mstari hauvutwi mara mbili. Kisha anakisogeza kioo ukingoni mwa meza, anakibonyeza kwa viganja, nacho kinaachana taratibu kama watu wawili waliokubaliana. Mteja mgeni husimama mlangoni akauliza, "Fundi yuko wapi?" Naye akishamaliza humjibu, "Unaongea naye. Kama unamtaka mwenye ndevu, nenda kwa kinyozi, mlango wa tatu." Kinyozi huyo ndiye mumewe.

Alianza kwa kufagia vipande katika karakana hiyohiyo. Alichanika vidole, akaambiwa kazi hii si ya wasichana, akafunga plasta na kuendelea kufagia huku macho yake yakiwa mezani kwa mafundi. Mwenye karakana alipostaafu alimwachia yeye meza na wateja, akiwapita wanaume wawili waliomtangulia. Wote wawili walisusa. Mmoja alirudi baadaye kuomba kazi, naye akampa bila kumkumbusha lolote. Chuoni nilisomeshwa ushujaa, na karibu wote ulikuwa wa watu wenye farasi na bunduki. Mimi nauandika huu wa mwanamke mwenye plasta kwenye kidole gumba, na atakayeona ni mdogo asome mpaka mwisho ndipo aseme.

Alipopata mimba ya kwanza, yeye na shemeji waliamua wasiulizie kama mtoto ni wa kike au wa kiume. Wakahitaji jina litakalomkaa yeyote. Mama mkwe wake ndiye aliyelileta. Huyu ni mama aliyepiga chapa mahakamani maisha yake yote, mwenye sauti ambayo ikiingia nyumbani hata redio inajisikia imezidiwa. Alisema, "Faraja," kama mtu anayetoa kitu sandukuni.

Lilitupendeza sote. Neno lenyewe lilitujia kutoka Kiarabu, ambako shina lake hubeba maana ya kufunguka kwa kitu kilichobana, dhiki inapolegea mtu akapata pa kupumulia. Kwetu likawa lile jambo unalompelekea mfiwa ukiwa huna kingine cha kupeleka. Halafu watu wakaanza kuwapa watoto wao, hasa waliozaliwa baada ya kipindi kigumu, wala hawakuchungulia kwanza ndani ya nepi. Nilisoma darasa moja na akina Faraja wawili, mvulana na msichana, na mwalimu aliwatofautisha kwa viti vyao: Faraja wa dirishani na Faraja wa mlangoni. Lugha yetu ina "yeye" mmoja tu kwa watu wote. Sioni kwa nini majina yawe na choyo kuliko lugha.

Tumbo lilipoanza kuonekana, mtaa mzima ukamwita Mama Faraja. Aliyeanzisha ni Mzee Kufuli, anayechonga funguo upande wa pili wa barabara.

"Mama Faraja, punguza kuinama hapo mezani, utamnyoa mtoto kabla baba yake hajapata zamu."

"Mtoto hajafika mmeshanipa cheo," dada alisema, akijifanya hapendi. Lakini niliona kwamba akiitwa "fundi" alichelewa kuitika, na akiitwa Mama Faraja aligeuka papo hapo.

Faraja alizaliwa msichana, kabla ya wakati. Mapafu yake hayakuwa tayari. Aliishi usiku mmoja na mchana wake, na muda wote huo alikuwa mtu mwenye jina. Muuguzi alimwita Faraja, baba yake alimwita Faraja, na mama yake alimwita kwa kunong'ona, mdomo ukiwa karibu na sikio dogo kuliko kifungo cha koti. Jioni tukamzika.

Dada aliporudi kazini, alikuta mtaa umeshapitisha azimio bila kuitisha kikao. "Karibu tena, fundi," alisema Mzee Kufuli. "Chai yako hii, fundi," alisema muuza chai. Nyumbani mama mkwe akawa anamwita "mwanangu". Hakuna aliyekusudia ubaya. Walidhani lile jina ni kidonda, na wao wanajitahidi wasikiguse. Lakini kuna huruma yenye mkono mzito. Mwanamke akizaa, jina la mzaliwa wake wa kwanza huwa lake: ndilo analoitwa dukani, barabarani, msibani, mpaka wengine husahau lile alilopewa na wazazi wake. Dada yangu alikuwa amezaa. Kwa kunyamaza kwao, watu wema kabisa walikuwa wanamwambia kwamba hakuzaa.

Alinigusia jambo hili mara moja tu, akipaka puti kwenye fremu ya dirisha.

"Wamenivua jina kama nguo ya kuazima."

"Si uwaambie?"

"Mtu akuite kwa moyo wake. Ukishamwomba, anakufanyia hisani." Akalainisha puti kwa kisu. "Sitaki hisani kwa ajili ya mwanangu."

Mwaka uliofuata akashika mimba tena, na safari hii akajifungua mvulana mzima, mwenye kilio cha kudai haki. Mama mkwe akaja na begi lake, akamwogesha, akamvika, akampakata, na ilipofika Alhamisi akaleta shauri la jina, maana Jumapili ndugu wangekuja kumwona mtoto na kusikia anaitwaje.

"Kuna haja gani ya kuhangaika? Jina tunalo," alisema. "Faraja. Si halichagui? Wa kike alilibeba, na wa kiume atalibeba. Tena sasa ndiyo maana yake imetimia. Tulilia, tukafarijiwa. Faraja yetu ndiyo hii hapa, inanyonya."

Shemeji alikuwa anakunja nepi. "Mama ana hoja," alisema polepole, bila kumtazama mkewe.

Alikuwa nayo kweli. Ilikuwa hoja nzuri, na ndiyo maana ilinichoma. Ule uzuri wa jina, kwamba halimfungii mtu mlango, ndio uliokuwa unatumiwa kumtoa msichana ndani ili mdogo wake apate nafasi. Nikafungua mdomo. Nikaanza na mtoto wa kike katika jamii, nikawa naelekea kwenye historia.

"Mjomba mtu," dada akanikatiza, "hapa si ukumbi wa mdahalo. Shika mtoto."

Nikashika mtoto.

"Mama," akamwambia mkwewe, "jina hilo lina mwenyewe."

"Mwenyewe yuko wapi?"

Mikono ya shemeji ikasimama juu ya nepi. Mama mkwe mwenyewe aliogopa alichokisema, akawa anavuta mtandio wake ambao haukuwa umeteleza.

"Sikukusudia hivyo, mwanangu."

"Najua, mama."

Mazungumzo yakaishia hapo, ila shauri lilibaki wazi, na dada alikuwa amebanwa pande zote. Akikubali, kesho yake mtaa ungemwita tena Mama Faraja kwa furaha, cheo chote kingerudi, na kila watakapomwita wangekuwa wanamtaja mvulana. Akimpa mvulana jina jingine, yeye angekuwa mama wa jina hilo jingine. Njia zote mbili zilimpita binti yake pembeni kana kwamba hakuwahi kukanyaga duniani.

Jumamosi akasema anaenda karakanani, "kuangalia tu". Tulijua kuangalia kwake, kwa hiyo mama mkwe akamfuata kumzuia asikate, na mimi nikafuata nyuma na mtoto. Dada akakaa kwenye kigoda kama alivyoamriwa. Mama mkwe akachukua kitambaa akaanza kufuta meza, maana hajui kukaa bure.

"Mama," dada akasema, "tangu siku ile, umewahi kulitamka?"

"Lipi?"

"Unalijua."

Mama mkwe akaendelea kufuta mahali palipokwisha kung'aa. "Nilitamke kwa nani? Unadhani mimi nataka kumfuta yule mtoto? Hilo jina ninalo tangu mimba yangu ya kwanza. Baba mkwe wako akakataa. Akasema jina gani hilo, mtu akilisoma hajui ni bwana au ni bibi. Mumeo akapewa la babu yake, na mimi nikalitunza langu miaka yote. Alipokuja yule mtoto nikaliita usiku kucha pale hospitali. Nilidhani akilisikia sana, atabaki." Akaacha kufuta, akagusa koo. "Sasa limenikwama hapa. Nataka kuliita, basi, na mtu aitike."

Namjua dada, na nilijua anapima. Alichokuwa anakipima ni kile alichoapa hatakiomba.

"Basi niite mimi," akasema.

"Wewe?"

"Mimi si mama yake? Niite, nitaitika. Kila siku, na siku ukizidiwa niite tangu asubuhi. Lakini huyu mvulana mtafutieni lake." Akaongeza kwa sauti ya chini, "Naomba, mama."

Yule mama ambaye sauti yake hujaza nyumba alifungua mdomo, na hakikutoka kitu. Akatazama mlangoni, akarudi kututazama. Mara ya pili ikatoka kama ya mtu aliyeamka na kiu.

"Mama Faraja."

"Naam, mama."

"Mama Faraja."

"Naam."

Mara ya tatu aliita kama anamwita mtu aliye mtaa wa pili, na Mzee Kufuli akazima mashine yake ya funguo. Akavuka barabara, akasimama mlangoni akijifuta vumbi la shaba mikononi.

"Nimesikia vizuri?"

"Umesikia," dada alisema. "Na wewe niite hivyohivyo."

"Sisi tulidhani tunakuonea huruma, fundi."

"Najua mlidhani."

Mzee akajikuna shingo. "Lakini utasumbuliwa. Kila mgeni atauliza kama Faraja ndiye huyu. Utajibu mara ngapi?"

"Mara watakazouliza."

"Haya." Akatafakari kidogo, kisha akanitupia jicho. "Sasa Mama Faraja, huyu mjomba mtu ni nani aliyemwambia mtoto anabebwa kama mtungi wa gesi?"

Dada akacheka. Alicheka mpaka akashika tumbo, mama mkwe naye akafuata akicheka na kulia kwa pamoja, na mimi nikanyang'anywa mtoto.

Usiku huo shemeji alipewa kazi ya kutafuta jina, na hakuchukua muda. Alisema Majaliwa, kwa kuwa ni yule waliyejaliwa kubaki naye, na kwa kuwa, kwa kisa cha baba yake alichosimuliwa jioni ile, hilo nalo mtu akilisoma hajui ni bwana au ni bibi. Mama yake alimtazama kwa muda mrefu, kisha akamwongezea chakula.

Jumapili sebule ilijaa hadi wengine wakakalia mikono ya makochi. Mtoto akapitishwa kwa huyu na kwa yule, akasifiwa mashavu, akabishaniwa masikio. Hatimaye baba mdogo wa shemeji, ambaye hapendi shughuli ichelewe, akauliza jina. Nilidhani shemeji atajibu. Mama mkwe akasimama kabla yake.

"Huyu ni Majaliwa," alisema. "Mdogo wake Faraja."

Watu wakatazamana. Kikombe kikawekwa kwenye sahani yake kwa uangalifu mno.

"Shemeji," baba mdogo akamwambia mama mkwe, "Faraja ndiye nani?"

"Mjukuu wangu wa kwanza. Wa kike. Ulikuja mazishini, umesahau?"

"Sikusahau. Sikujua kama tunamtaja."

"Tunamtaja."

Dada alikuwa ameketi karibu na dirisha, mikono mapajani, mgongo umenyooka kama akiwa mezani kwake. Hakuinama wala hakuomba radhi kwa yeyote kwa kuharibu shughuli. Alingoja. Ndipo mke wa baba mdogo, mwanamke mpole ambaye sikumbuki kumsikia akisema jambo mbele ya watu, akamgeukia.

"Mama Faraja, kwani alifanana na nani?"

Hilo ndilo swali ambalo mama yeyote huulizwa wiki ya kwanza. Lake lilikuwa limechelewa zaidi ya mwaka mzima. Dada akavuta pumzi.

"Pua ya kwetu," alisema. "Vidole virefu, sijui vya nani. Na alikuwa na nywele, nyingi, mpaka hapa."

"Zilikuwa laini," shemeji akasema. Alikuwa anatazama viganja vyake, naye ni mtu ambaye kazi yake ni nywele. "Na kisogo kizuri. Paji la uso langu."

"Paji la uso lilikuwa langu," mama mkwe akasema, na hakuna aliyembishia.