Gari Moshi la Migomba pale Omurushaka

Juzi binti yangu alikuwa anachemsha maharage kwenye sufuria la presha, likapiga mluzi, nami nikaruka kitini. Msinicheke. Kijijini kwetu Ndama mluzi ulikuwa wa kumzomea baba yangu.

Ujanani baba alipelekwa Hungaria kusomea ufundi wa injini za reli. Huko akapenda aina moja ya injini ya mvuke, nyeusi, nzito, ambayo wenyeji waliipa jina la nyati. Aliporudi, mvuke ulikuwa umepitwa na wakati, na Karagwe, kama mjuavyo, hakuna reli hata ya kukanyaga. Akashika jembe, akalima migomba na kahawa, na kila aliyekunywa naye pombe alisimuliwa habari za yule nyati. Wakamwita Embogo, yaani nyati kwa Kinyambo, na akipita wanampigia mluzi. Mcheza kwao hutunzwa, wanasema. Wa kwetu alizomewa.

Asubuhi moja baba mdogo Deusi, mdogo wake wa tumbo moja, aliingia uani anahema.

"Kaka, wakubwa wa reli wako Omurushaka! Wanaleta reli huku, wanatafuta fundi wa mvuke. Nimewatajia jina lako!"

Mama akapasha pasi ya mkaa, akanyoosha koti zito ambalo baba alirudi nalo kutoka Ulaya, nyumba ikajaa harufu ya sufu iliyobabuka. Nilikuwa na miaka saba. Baba alinipakia nyuma ya baiskeli, akakanyaga kama kijana.

Tulikuta umati mbele ya duka la mnunuzi wa kahawa. Katikati lilikaa gari moshi la vigogo vya migomba, magurudumu yamekatwa duara, majani yakifuka moshi ndani ya chungu kilichotobolewa. Lilinipendeza mno.

"Embogo, washa twende Bukoba!" alipaza sauti baba mdogo. Miluzi ikalipuka, watu wakashika mbavu. Nikadhani wanamkaribisha. Nilijiona binti wa mtu mkubwa.

Baba alivua kofia, akawasalimu, akageuza baiskeli. Aliikokota huku akinisimulia kwa sauti kubwa, maana miluzi ilitufuata: jinsi nyati alivyoanza kuundwa kabla yeye hajazaliwa, akavuta abiria na mizigo, jinsi vita vilivyomtawanya nchi za jirani, jinsi wengine walivyopelekwa hadi Korea, jinsi alivyotumika miaka kama sitini bila kukataa mzigo.

"Na sasa, baba?"

"Sasa wamemzima, mama. Wachache wamewekwa watu wawatazame."

Akajipangusa macho kwa kofia. Nikadhani ni vumbi.

Mama ndiye aliyenieleza, tulipokwisha kumzika baba. Hapakuwa na mkubwa wa reli hata mmoja. Baba alitambua tangu tulipokata kona akauona ule moshi, na angegeuza baiskeli palepale, ila mimi mgongoni kwake nilikuwa nashangilia.

Baba mdogo yupo, mzee sasa. Kila nikienda Ndama hunichekea kwa ufizi mtupu: "Koku, wakumbuka treni?" Shikamoo nampa, kwa kuwa nililelewa. Moyoni sijamwamkia tangu siku ile ya maziko.