Kipeuo Hakipigiwi Kura

Ipo siku moja naikumbuka, mwanangu, na kila nikiikumbuka naiacha chai ipoe.

Usicheke nikikuita mwanangu. Kweli mimi ni mama yako mdogo tu, hata thelathini sijafika, shule niliiachia njiani, na bado naota kufungua duka langu la keki pale Remera. Lakini jana ulirudi kutoka shuleni ukaniambia umefuta jibu lako, nalo lilikuwa sahihi, kwa sababu wenzako walicheka. Nilikasirika hadi nikaunguza maharage. Basi keti nikusimulie.

Tulikuwa tunasoma shule moja ya mtaa wa Kimisagara. Darasa letu lilipakana na mafundi wa kuchomelea vyuma, kwa hiyo tulizoea kujibu wote pamoja, kwa kelele. Mwalimu wetu alikuwa anatafuta mwanafunzi mmoja wa kwenda kwenye mashindano ya hesabu, na rafiki yangu Chantal aliitaka nafasi ile kuliko chakula. Mwalimu akamwita ubaoni. Akaandika tisa kujumlisha kumi na sita, zote mbili chini ya alama moja ya kipeuo cha pili, ile tuliyoiita paa.

Chantal akaandika tano.

"Oya!" darasa likalipuka. "Iko saba! Tisa inatoa tatu, kumi na sita inatoa nne. Saba!"

Mwalimu badala ya kuwanyamazisha akatabasamu. "Haya, tupige kura. Nani anasema saba?"

Mikono ikajaa.

"Na tano?"

Wangu peke yake. Tena si kwa akili, mwanangu, kwa urafiki tu.

"Weee, huyo hata kugawanya hajui!" mmoja akapayuka nyuma yangu akininyooshea kidole, wakaangua kicheko.

Chantal akamtazama mwalimu. Mwalimu akainua mabega. Basi yule msichana akaifuta tano yake kwa kiganja, akaandika saba, na kwa kuwa darasa letu lilikuwa na makofi yake ya kumpongeza aliyepata, wakampigia.

"Makosa," mwalimu akasema. "Jibu ni tano. Kaa chini, nafasi nitampa mwingine."

Umesikia? Alijua! Alijua tangu mwanzo, akamwacha mtoto wa watu azomewe hadi afute ukweli, halafu akamwadhibu kwa kuufuta. Huo ni ualimu gani?

Nikasimama. "Mwalimu, si aliandika tano kwanza?"

"Nasahihisha kilichopo ubaoni. Kilichofutwa sikisahihishi."

Lakini Chantal hakukaa. Akachukua chaki tena, machozi yanamlengalenga, akatugeukia.

"Saba mara saba ni arobaini na tisa," akasema. "Chini ya paa kuna ishirini na tano tu. Hizo nyingine mlizitoa wapi?"

Hata yule mpayukaji alitazama dirishani. Nafasi lakini hakurudishiwa. Siku hizi tukikutana yeye huicheka hadithi hiyo. Mimi ndiye siwezi.

Kwa hiyo nisikilize. Namba zikiwa zinajumlishwa chini ya paa moja, usizitoe nje moja moja. Zijumlishe kwanza, ndipo utafute kipeuo. Ukipata jibu, lizidishe lenyewe kwa lenyewe. Likikurudisha pale ulipoanzia, liache lilipo, acha wacheke mpaka wachoke. Na wakileta mambo ya kura, sema kwa heshima, "Mwalimu, naomba nihakiki kwanza." Kelele za watu wengi hazijawahi kuongeza hata moja kwenye ishirini na tano. Na ukimwona mwenzako kasimama peke yake ubaoni, inua mkono wako, hata kama ni kwa urafiki tu. Hesabu mtaifanya pamoja baadaye.

Kesho utaitwa tena. Mungu akupe mkono usiotetemeka, akupe na mtu mmoja wa kukuunga mkono darasani, na chaki isikuishie kabla hujamaliza. Nenda, mwanangu. Tano yako usiifute.