Bibi Aliyeambiwa Rudi

Nimepiga picha za sinema kwa zaidi ya nusu ya umri wangu, na kuna neno moja silitumii kazini. Vijana ninaofanya nao kazi wanadhani ni maringo ya uzee. Neno lenyewe ni "rudi."

Miaka ile ya vijiji vya ujamaa tulilitumia ovyo. Mtu akipita mbele ya kamera na picha ikaharibika, unamwambia rudi, yaani arudi alipoanzia afanye tena. Nilikuwa kijana, nimesomeshwa na misheni kule Berega, nimepata kazi ya serikali, na kichwa kilikuwa kimenivimba. Tukatumwa milimani juu ya Kilosa kupiga sinema ya watu wanaohamia kijiji kipya bondeni. Mkuu wangu alitaka nyuso za furaha, na alitaka zipatikane kabla ya chakula cha mchana.

Wa mwisho kuhama alikuwa bibi mmoja mjane, aliyeishi na binti yake. Alimwaga maji motoni, akang'oa mafiga yake matatu, akayafunga kwenye kanga, akatoka. Nikampiga picha. Mkuu wangu akanung'unika kwamba nilisimama mbali mno, uso hauonekani.

"Rudi, bibi," nikamwambia. "Halafu utoke tena."

Akasimama. "Nirudi?"

"Ndiyo, rudi."

"Serikali imesema nirudi?"

Watu wakacheka, nami nikacheka. "Imesema, bibi. Rudi tu."

Binti yake hakucheka. Baadaye ndipo aliponieleza kwamba kwao, moto ukishazimwa kwa kuhama, mwenye nyumba haingii tena, hata awe amesahau nini. Mimi mtoto wa milima hiyo hiyo nilipaswa kulijua hilo, lakini nilikuwa nimevaa viatu vya Dar es Salaam. Bibi akaingia. Nyumba ilikuwa na chumba kimoja, na alikaa humo hadi mkuu wangu akatazama saa yake mara mbili. Alipotoka, macho yake hayakumtazama yeyote kati yetu. Nikafurahi kwamba hatimaye nimepata mtu asiyeitazama kamera.

Wiki kadhaa baadaye nilitumwa kukionyesha kijiji kile sinema yake. Nililala Mikumi, nikamaliza mikanda yangu yote ya kamera kwa kupiga picha nyati na twiga, kisha nikafika kijijini asubuhi. Binti alikuwa ananisubiri barabarani.

"Ndugu mpiga picha, mama amepanda mlimani juzi," akasema. "Anadai serikali ilimwambia arudi. Balozi wa nyumba kumi amekwenda, mchungaji amekwenda, amekataa kuwasikiliza. Nyumba haina paa na mvua ziko karibu, zitamuua. Wewe ndiye uliyesema. Twende ukamtoe."

Tukapanda muda ule ule. Kamera niliibeba begani kwa mazoea tu.

Sijawahi kuogopa mchana kama siku ile. Mgambo walikuwa wameezua nyumba zote ili watu wasizirudie, na jua lilijaa ndani ya kila chumba. Vinu vilisimama uani. Hakukuwa na kuku wala mbwa. Hata hivyo, kila tulipopita mbele ya mlango, binti alipiga hodi kwa sauti ndogo.

"Unampigia nani hodi?" nikamuuliza.

"Sijui. Ila siwezi kupita hivi hivi."

Kufika mlango wa nne, nami nikawa napiga hodi.

Nyumba ya bibi ilikuwa inatoa moshi. Alikuwa ameketi chini, mafiga ameyarudisha mahali pake, chungu kiko motoni. Nikachuchumaa mlangoni.

"Shikamoo, bibi."

"Shikamoo yako mpe yule wa bondeni."

"Yule yupi?"

"Aliyetoka mbele ya mashine yako. Mimi uliniambia nirudi, nikarudi. Sijatoka tangu siku ile."

"Mama," binti akasema, "wiki zote hizi tumelala chumba kimoja kule chini."

"Ulilala na yule."

Hakusema kwa hasira wala kwa wazimu. Alisema huku akikoroga uji. Nilimbembeleza, nikamwomba radhi, nikamweleza kwamba lile lilikuwa neno la kazi tu. Akanisikiliza mpaka mwisho.

"Basi nitoe kwa mashine," akasema. "Uliniingiza kwa mashine."

Kamera yangu ilikuwa ya kutiwa ufunguo. Ilinguruma vilevile, iwe na mkanda au isiwe nao. Siku ile haikuwa nao. Nikaijaza ufunguo, nikaiweka jichoni, nikasema, "Toka, bibi." Akazima moto, akabeba mafiga, akatoka akinitazama sawasawa kwenye kioo. Binti akalia kwa furaha. Tukateremka wote watatu, na njiani bibi alinitania kwamba mjukuu wa serikali anahema kama mbuzi.

Jioni ile aliketi mkekani mbele kabisa ya shuka letu la sinema. Akajiona anatoka, yuko mbali. Akajiona anatoka tena, karibu, macho hayaangalii mtu. Watu waliomzunguka wakasogea kidogo. Kisha likaja trekta, zikaja hotuba, shuka likabaki jeupe.

"Mjukuu wangu," akaniuliza, "mimi mbona sijatoka?"

Ningeweza kusema picha ya leo lazima ikasafishwe mjini kwanza. Jibu lilikuwa tayari mdomoni. Lakini macho yake yalinishinda, na nadhani nilitaka pia kujitua mzigo.

"Mashine ilikuwa tupu, bibi."

Akatikisa kichwa taratibu. "Kumbe bado nimo," akasema, akakunja mkeka wake.

Asubuhi hakuwepo. Nilimkuta binti anafunga chungu, jembe na mablanketi mawili. Nikamwambia nitampeleka tena, nitakuja na mkanda, nitaandika barua kwa wakubwa. Niliropoka mengi. Yeye alijitwika mzigo wake, akaangalia mawingu juu ya mlima, halafu akaniangalia mimi.

"Jana mchana uliweza kumdanganya," akasema. "Jioni ulishindwa nini?"

Akaanza kupanda.