Aliyeniruka kwa Mironjo

Nikiwa na miaka kumi, pale Rosettenville, mtaa wa Johannesburg tulikohamia, nilirukwa na mtu mwenye miguu ya mbao, na mpaka leo jambo lile halijanitoka rohoni. Kwetu sisi watu wa Tanga, mtoto akilala chini harukwi. Ukimruka kwa bahati mbaya unarudi ulikotoka, unamruka tena, la sivyo hakui. Bibi yangu, aliyenilea, hakuwa na mzaha na hilo.

Aliyeniruka ni Anti Verna. Alitoka Trinidad, huko Karibiani, mwaka 2016, na kazi yake ilikuwa kucheza juu ya mironjo, zile mbao ndefu za kufunga miguuni, suruali ikizifunika mpaka chini. Kwao mchezaji huyo huitwa moko jambi, mzimu mrefu uliovuka bahari kwa miguu kutoka Afrika kuwafuata watu wake. Vijana wa kwao wameuchoka mchezo huo, alisema, basi akaja kuutafutia warithi huku ulikotoka. Eish, maskini. Joburg nzima ilimshangaa. Watoto kumi na wawili tulianza naye kwenye ua wa kanisa. Baada ya miezi miwili nilibaki mimi tu, wengine eti magoti yanauma. Aliudhika, akawa mkali hata kwangu niliyebaki. Lakini nilikuwa nimeshaweza kutembea, na maonyesho yetu yalikuwa Jumamosi.

Jumatano nikaanguka. Sikuumia, nikabaki nimelala kwenye nyasi nacheka. Anti Verna akanyanyua mguu wake wa mbao, akavuka juu yangu huku anaimba. Bibi ndio kwanza anaingia getini kunichukua.

"Mwambie arudi," Bibi akasema. "Arudi vilevile alivyopita."

Nikamtafsiria kwa Kiingereza. Anti Verna akakataa. Kwao, akasema, moko akivuka juu ya mtoto amemkinga na mabaya. Akirudi nyuma, amemvua ile kinga.

"Miezi miwili nawafundisha," akaongeza, "halafu mnaniita mchawi?"

Hakuna aliyemwita mchawi. Nilimwambia, hakutaka kusikia.

"Hatua moja tu, mwanangu," Bibi akamsihi, na Bibi hakuwa mtu wa kusihi. Nikatafsiri tena. Anti Verna akatikisa kichwa kule juu.

Nilikasirika mpaka machozi yakanitoka. Watu wazima wawili hawa, hatua moja inawashinda, na mimi niko katikati napandisha maneno na kuyashusha.

Mwishowe Bibi akanigeukia. "Mjukuu wangu, wataka kukua au wataka kucheza?"

"Kukua," nikasema.

Anti Verna akaniuliza nimejibu nini. Ikabidi nimtafsirie na hilo.

Jumamosi alicheza peke yake. Mwaka uliofuata alirudi kwao, na sikusikia kama alimpata mtu mwingine wa kumrithi.

Nimekuwa mfupi kweli. Shangazi zangu bado wananitania, na Bibi alifariki akiamini ni mguu ule. Ufupi haunikeri. Kinachonikera ni kazi yangu ya kutafsiri siku ile. Kila mmoja wao alikuwa anahofia nisipatwe na baya, basi, hilo tu. Pale uani ni mimi peke yangu niliyewasikia wote wawili, na sikuwaambia.